Mama mkwe anataka binti yetu aitwe Oighrig, ndugu zangu wamegoma

Shikamoo anti,

Mi ni mdada wa Moshi ila naishi Glasgow huku Uskoti na mume wangu, yeye ni mskoti, asili yao ni kisiwa cha South Uist kule magharibi kabisa, wakatoliki kama sisi na tulikutania kwaya. Nina mimba ya miezi saba sa hivi na tumeshaambiwa ni wa kike, mtoto wetu wa kwanza. Mambo yalikua yanaenda vizuri tu mpaka ikaja ishu ya jina.

Mama mkwe alikuja jumapili moja na kopo la zamani la biskuti, ndani yake kaweka makaratasi ya marehemu mama yake. Cheti cha ubatizo kinasema Effie, cheti cha ndoa kinasema Euphemia, alafu kuna picha moja ya huyo bibi amesimama mlangoni na ndoo, nyuma yake mtu kaandika kwa penseli Oighrig. Akaniambia hilo la nyuma ya picha ndo jina lake hasa, ndo waliloliita watu wake kisiwani mpaka anazikwa, hayo mengine ni ya kwenye makaratasi. Akaanza kulia, akasema anaomba mjukuu wake alichukue.

Anti kwakweli pale pale ningekubali, mana hata kwetu binti wa kwanza jina linatoka upande wa baba, sio jambo geni kwangu. Kilichoniharibia ni binamu yake mume wangu, yeye anapenda kufuatilia mambo ya ukoo, akasema jina hilo hilo kwenye maandishi ya kale linaandikwa Affrica, na pengine Africa kabisa. Basi mama mkwe akapiga makofi, akasema hii ni ishara, mama anatoka Afrika na jina la bibi ni Africa, kwanini tusimwite hivo hivo! Mezani wote wakafurahi, mume wangu akatabasamu akanyamaza, mi chakula kikanikwama. Huyu mtoto huenda akawa mwenye rangi peke yake darasani, alafu mwalimu akiita majina asubuhi aseme Africa? Si ni kama wamembandika kibao kifuani kabla hajazaliwa?

Nikaingia mtandaoni kutafuta maana, saiti moja inasema "mwenye madoadoa mapya", nyingine inasema "apendezaye", sasa nishike ipi. Nikaweka kwenye grupu la familia, nikajuta, dada yangu akatuma voisi ndefu ananiuliza yani mtoto hajazaliwa mshampa doa? Mama yangu naye anasema jina lisilotamkika ni mzigo kwa mtoto, na padre atabatizaje jina lisilo la mtakatifu, yeye anataka Anastasia basi. Mume wangu nikimuuliza anasema lolote utakaloamua we ni sawa, ila naona kabisa hataki kumuudhi mama yake na hataki kuniudhi mimi.

Naomba unisaidie anti, hili jina ni la bara letu kweli? Maana yake ni nini? Na mama mkwe nimjibu nini, mana yule mama ananipenda na mi nampenda.

Mama kijacho, Glasgow

*

Marahaba mwanangu, na hongera sana kwa ujauzito, Mungu akufikishe salama.

Tuanze na hilo lililokukwamisha chakula, mana ndo lenye uchungu. Hapana, jina hili halikutoka kwenye bara letu. Africa ya bara letu ni neno la Warumi, walilitumia kwa jimbo lao la kaskazini kule Karthago, ambako leo ni Tunisia, kutokana na watu waliowaita Waafri, na baadae sana ndo likaja kuenea bara zima mpaka kwetu. Jina la bibi yake mumeo ni la Kigaeli, lugha ya asili ya huko, limezaliwa huko huko Ayalandi na Uskoti, la kale linaandikwa Affraic au Aithbhreac. Kilichotokea ni kwamba wanaojua kuandika zama hizo walikua watawa na makarani wa Kilatini, wakisikia mtu anaitwa Affraic wao kichwani wana neno la Kilatini linalofanana nalo, basi wanaandika Affrica. Ni masikio na kalamu tu mwanangu. Hata Hispania kuna wanawake wanaitwa África, na hao nao njia yao ni nyingine kabisa, ni kwa heshima ya Mama Bikira Maria wa Afrika, msimamizi wa mji wa Ceuta.

Kwa hiyo mama mkwe wako alichofurahia pale mezani ni kufanana kwa sauti, na mimi kwa ulivyonielezea siamini alikua na ubaya wowote, aliona furaha zake mbili zimekutana akashangilia. Lakini we uliyeumia hujakosea hata kidogo. Jina la mtoto haliishii kwenye meza ya babu na bibi, linaenda shuleni, linaenda hospitali, linaenda kwenye usaili wa kazi, na mtoto mwenye rangi yako Uskoti akiitwa Africa kila mtu atadhani kaitwa kwa rangi yake, hakuna atakayekaa kumsikiliza habari za malkia wa karne ya 12 aliyekua na jina hilo, ambaye nitamtaja hapo chini. Hilo lisemwe, tena lisemwe mapema.

Na una hoja nzuri ambayo mama mkwe hawezi kuikataa: mama yake hakuwahi kuitwa Africa. Tazameni tena ile picha. Penseli imeandika Oighrig. Kama nia ni kumrudisha yule bibi, basi arudishwe kwa jina aliloitikia mwenyewe akiwa hai, sio kwa herufi za karani wa Kilatini. Oighrig likiandikwa hivyo hakuna mtu atakayeona Africa ndani yake, na mzigo uliokua unauogopa unakua haupo tena.

Sasa maana. Ukisoma zile saiti za majina ya watoto usizishike sana, zinapenda kutoa maana moja nzuri fupi hata pale ambapo wataalamu wenyewe wanasema "huenda". Hiyo "apendezaye" imekua ikirudiwa kwenye orodha za majina ya Kiayalandi kwa muda mrefu. Wanaolichambua jina kwa mizizi yake ya Kigaeli wanaona ndani yake breac, yani kitu chenye marakaraka, mabaka mabaka, na kipande cha mbele kinachoongeza nguvu au kuashiria upya. Dada yako akasikia doa, na kwa kiswahili chetu doa ni aibu, ndo mana kashtuka. Ila hebu mwambie hivi: breac kwa Kigaeli ndo pia jina la samaki trauti, yule mwenye vidoti ubavuni, na ndo mzizi wa breacan, ile nguo ya mirabamiraba wanayojivunia waskoti. Ni uzuri wa rangi rangi. Sisi wenyewe wazee wa pwani wanatuambia vazi letu la kanga lilipata jina kwa yule ndege mwenye vidoti vyeupe, na hajatokea mtu akakataa kuvaa kanga eti ndege ana madoa.

Alafu kuna bonde linaitwa Glen Affric, liko nyanda za juu ng'ambo ya Inverness, unapita kijiji cha Cannich, kuna mto na ziwa lenye jina hilo hilo na misonobari ya kale ambayo ni mabaki ya msitu mkubwa wa zamani wa Uskoti. Ni jina hili hili la mwanamke, limekaa kwenye maji na mlima. Mkipata nafasi mumeo akupeleke, mtoto akishazaliwa au hata kabla kama daktari anaruhusu safari.

Lakini mimi ningekua wewe nisingeamua kwa maana ya herufi, ningeangalia limevaliwa na kina nani. Na hapa ndo nataka mama yako Moshi asikilize vizuri, mana alikua anauliza habari za dini.

Kumbukumbu za kale za Ayalandi zinataja abesi wawili wa Kildare wenye jina la Affraic, mmoja karne ya 8 na mwingine karne ya 9. Kildare ndo ile monasteri ya Mtakatifu Brigida, na abesi wa pale hakua mtu mdogo, alikua mama mkuu wa nyumba iliyoheshimiwa Ayalandi nzima. Watawa, mwanangu, tena viongozi wa watawa, zaidi ya miaka elfu moja na mia moja iliyopita.

Karne ya 12 linakuja kwenye nyumba za wafalme. Fergus, bwana wa Galloway kusini magharibi mwa Uskoti, alikua na binti Affraic, akaolewa na Olaf mfalme wa Man, kisiwa kilicho kati ya Ayalandi na Uingereza, na Visiwa. Hivyo "Visiwa" ni pamoja na huko huko kwa kina mumeo, mana ufalme wa Olaf ulifika mpaka visiwa vya magharibi ya mbali. Kwa maneno mengine, mwanamke mwenye jina hili aliwahi kuwa malkia wa South Uist, na hilo sidhani kama hata mama mkwe wako analijua, mpe kama zawadi. Olaf aliuliwa mwaka 1153 na watoto wa kaka yake, na mtoto wa huyo Affraic, Godred, ndo akaja kushika ufalme.

Godred naye akapata binti, akampa jina la mama yake. Ona, bibi mzaa baba! Huyu ndo Affreca ambaye mi nampenda kuliko wote. Aliolewa na John de Courcy, mpiganaji wa Kinormani aliyevamia na kuteka mashariki ya Ulster, kaskazini mwa Ayalandi, mwaka 1177, mtu wa vita na majumba ya mawe. Mwaka 1193 Affreca akajenga monasteri ya Wasistersiani, shirika la watawa, pwani ya Strangford Lough, County Down, inaitwa Grey Abbey, na watu wa pale wanasimulia kwamba aliweka nadhiri akiwa baharini kwenye dhoruba, Mungu akimfikisha nchi kavu atamjengea nyumba. Mumewe baadae alinyang'anywa kila kitu, akafukuzwa kwenye ardhi aliyoiteka. Jengo la mkewe bado linaonekana, kuta zipo, mlango wa magharibi uliochongwa upo, na ndani kuna sanamu ya mwanamke wa jiwe amelala mikono kifuani ambayo kwa mapokeo wanasema ni yeye. Kijiji chenyewe kinaitwa Greyabbey mpaka leo.

Alafu yupo wa tatu, na huyu hakua malkia, alikua mke wa mtu na mshairi. Anaitwa Aithbhreac binti wa Coirceadal, karne ya 15. Mumewe Niall Óg, wa ukoo wa MacNeill wa kisiwa cha Gigha, alikua mlinzi wa ngome ya Castle Sween, akafariki. Mjane akashika rozari ya mumewe, akaisemesha ile rozari yenyewe, akaiambia wewe ndo umeniamshia machozi, akamlilia mumewe ubeti kwa ubeti mpaka mwisho akamgeukia Bikira Maria. Shairi hilo limehifadhiwa kwenye Book of the Dean of Lismore, mkusanyiko wa mashairi ya Kigaeli ulioandikwa kwa mkono Perthshire mwanzoni mwa karne ya 16, na leo uko maktaba ya taifa Edinburgh. Mashairi ya wanawake yaliyobaki kutoka enzi hizo ni machache mno, na hili ni mojawapo, na aliyelitunga ana jina la bibi wa kwenye picha. Mwambie mama yako hiyo habari ya rozari. Mama wa kichaga mkatoliki akishasikia hiyo nadhani hataita tena jina la kipagani.

Nirudi kwa Effie na Euphemia, mana hapo ndo pana jambo linalomliza mama mkwe wako. Uskoti ilianza kuandikisha vizazi na vifo kiserikali mwaka 1855, na vitabu viliandikwa kwa kiingereza. Mtu wa Kigaeli akifika kutaja jina la mtoto, karani anatafuta la kiingereza linalokaribiana. Oighrig akawa Effie, na Effie ukitaka liwe rasmi unaandika Euphemia, wengine wakaandikwa Henrietta, Harriet, Erica, hata hayana undugu. Mwaka 1872 ikaja sheria ya elimu ambayo haikuipa lugha yao nafasi yoyote shuleni, watoto wa visiwani wakaingia darasani wanafundishwa kwa lugha wasiyoongea nyumbani. Ndo unakuta mtu mmoja ana majina matatu kama kwenye lile kopo: moja la mama yake, moja la mwalimu na padre, moja la serikali. Lile la mama yake halikua na karatasi, likaishia kwenye penseli nyuma ya picha. Sa hivi serikali inaitambua lugha yao, tangu 2005 kuna sheria ya bunge la Uskoti, na sensa ya 2022 ilihesabu watu 130,161 wenye ujuzi wowote wa Kigaeli, kuanzia wanaoongea mpaka wanaoelewa tu, kwenye nchi ya watu zaidi ya milioni tano. Ni wachache. Kwa hiyo yule mama anapokuomba jina, anaomba liandikwe kwenye cheti kwa mara ya kwanza, na hilo mi naliona ni ombi la haki kabisa.

Habari ya padre isikunyime usingizi. Sheria ya kanisa ya mwaka 1983 haidai jina la mtakatifu, inasema tu lisiwe jina linalokwenda kinyume na hisia za kikristo. Ila kama bibi wa Moshi bado anamtaka mtakatifu, tayari mnaye, ni Euphemia, shahidi wa Kalkedoni aliyeuawa enzi za mateso ya Diokletiano, kaisari wa Roma, sikukuu yake 16 Septemba, na mtaguso mkuu wa mwaka 451 ulifanyika ndani ya kanisa lake. Bibi wa kisiwani aliolewa kwa jina hilo. Mtoto anaweza kubatizwa Oighrig Euphemia na pande zote mbili zikapata kitu, na Anastasia likamsubiri wa pili, mana kwetu wa pili ndo zamu ya upande wa mama, si ndivyo?

Kutamka nako ni rahisi kuliko linavyotisha kwenye maandishi. Ile gh katikati haisomwi, na g ya mwisho inatoka kama k nyepesi, yani ni kama Oi-rik. Huko Moshi watamalizia na i, Oiriki, na litakaa mdomoni vizuri tu, mtoto wa kiswahili kashatamka magumu kuliko hilo. Walimu wa Glasgow watahitaji kuambiwa mara moja, ila huo ni mji ambao tangu 2006 una shule ya Kigaeli inayoanza na watoto wa miaka mitatu mpaka wanamaliza sekondari, majina ya namna hii wanayaona kila siku, na kama mtapenda mnaweza hata kufikiria kumsomesha huko.

Kilichobaki ni mumeo, na hapa nitakua mkali kidogo. "Lolote utakaloamua" sio jibu la baba, ni kukuachia wewe mgeni ukamkatalie mama yake kitu. Kaa nae leo, mueleze ile meza ilikuumiza vipi, umwambie kabisa kwamba alipotabasamu akanyamaza ulijiona uko peke yako. Alafu aende yeye kwa mama yake, kabla wewe hujaenda, amwambie mtoto wetu ataitwa Oighrig na tunafurahi, ila Africa hapana, na amueleze sababu kwa lugha yao, yeye ndo anajua maneno gani yatamfikia mama bila kumjeruhi. We ukaja baadae na ile habari ya malkia wa visiwa na rozari, ukakutana na mama mkwe wako mkiwa na furaha, sio mkiwa na kesi.

Mkifanya hivyo sasa mtakua mmeshakubaliana kabla ya uchungu, mana Uskoti mnapewa siku 21 tu kumuandikisha mtoto na siku za kwanza na kichanga hupati hata muda wa kuchana nywele. Siku ya kwenda kuandikisha nendeni na jina limeandikwa kwenye karatasi, na kabla hujasaini soma herufi moja moja kwenye skrini ya karani: O, i, g, h, r, i, g.

Anti wako